Kabla ya Kupiga Windows Upya: Mhadhara Kuhusu Programu Zinazojifunga Ghafla

Kuanzia mwaka 2023, wachezaji wa michezo ya kompyuta katika nchi nyingi walianza kukumbana na kosa moja la ajabu. Mchezo uliotengenezwa kwa Unreal Engine ulianza kupakia, kisha ukajifunga na kuacha kisanduku chenye ujumbe kwamba kumbukumbu ya kadi ya video imekwisha. Miongoni mwao walikuwemo wenye kadi ya GeForce RTX 4090, yenye kumbukumbu ya GB 24, ambayo ndiyo ilikuwa kubwa kuliko zote za kizazi chake kwa matumizi ya nyumbani. Watu walibadilisha draiva, wakafuta mchezo na kuusakinisha upya, wengine wakafuta kila kitu na kupiga Windows upya. Kosa likarudi.

Kadi ilikuwa nzima. Hitilafu ilikuwa kwenye prosesa: Core i9-13900K, 14900K na nyingine kadhaa za kizazi cha 13 na cha 14 kutoka Intel. Kampuni ya RAD Game Tools, yenye programu ya Oodle inayofungua data iliyobanwa ndani ya michezo mingi, ilieleza jinsi mambo yanavyokwenda. Prosesa inakosea hesabu wakati data inafunguliwa, Oodle inakuta data isiyoeleweka, na mchezo unaposhindwa kuendelea unatoa ujumbe ulio karibu nao, yaani ule wa kumbukumbu ya video. Aprili 2024 Nvidia, watengenezaji wa kadi, waliwaelekeza wateja wenye kosa hilo kwa Intel. Julai mwaka huohuo Intel ilikiri kwamba maelekezo yaliyo ndani ya prosesa zake yalikuwa yakiomba volti kubwa kuliko inavyofaa. Agosti likatoka sasisho lililopewa namba 0x129, likasambazwa kupitia masasisho ya BIOS, programu ya msingi ya bodi mama inayoiwasha kompyuta, na dhamana ya prosesa hizo ikaongezwa miaka miwili. Septemba likafuata jingine, 0x12B. Masasisho hayo yalilenga kuzuia uharibifu usitokee. Prosesa iliyokwisha kuharibika haikupona, ilibidi ibadilishwe.

Kisa hicho kinabeba hoja nzima ya mhadhara huu. Ujumbe unaotokea programu inapoanguka hueleza mahali ilipoangukia, na mara nyingi chanzo kiko mbali na hapo. Anayeuamini ujumbe neno kwa neno atanunua kadi asiyoihitaji. Anayeupuuza atapiga Windows upya kila baada ya miezi michache na kosa litabaki kuwa lake. Kinachosaidia ni kusoma rekodi ambayo kompyuta yenyewe huiandika, kubadilisha jambo moja, kusubiri, kisha kuisoma rekodi tena. Kazi hiyo haihitaji shahada. Inahitaji subira na daftari.

Kwanza, programu kuanguka ni nini hasa? Kila programu inapofunguliwa, Windows huipa eneo lake la kumbukumbu lenye anwani zake. Programu ikijaribu kusoma au kuandika kwenye anwani isiyoruhusiwa, prosesa hukataa kutekeleza amri hiyo na kuiarifu Windows. Kama watengenezaji wa programu hawakuiandaa kwa hali hiyo, Windows huifunga papo hapo. Kuifunga huko ni ulinzi, kwa sababu programu iliyopotea njia ikiachwa iendelee inaweza kuharibu hati ya mtumiaji bila mtu kujua, na hati iliyoharibika kimyakimya ni hasara kubwa kuliko dirisha lililojifunga.

Ulinzi huo haukuwa imara siku zote. Windows 95 ilimwambia mtumiaji kwamba programu yake imefanya tendo lisilo halali, maneno yaliyowatisha watu wengi wasio na kosa lolote, na mara nyingi programu moja iliweza kuiangusha kompyuta nzima. Tarehe 20 Aprili 1998, katika maonyesho ya Comdex mjini Chicago, Bill Gates alikuwa jukwaani akiionyesha Windows 98. Msaidizi wake, Chris Capossela, akachomeka skana, na skrini ya bluu ikatokea mbele ya umati. Windows XP ya mwaka 2001 ndiyo iliyoleta majumbani msingi wa NT, ambao unatenganisha programu na mfumo kwa uangalifu zaidi, na ndiyo maana leo Word inaweza kuanguka huku muziki ukiendelea kusikika kutoka programu nyingine.

Tofauti hiyo inafaa kushikwa mapema, maana inaokoa muda mwingi. Programu moja ikijifunga na kompyuta ikaendelea na kazi, uchunguzi uanzie kwenye programu hiyo. Skrini ya bluu, ambayo mwaka 2025 Microsoft iliigeuza nyeusi kwenye Windows 11, inaelekeza kwenye draiva, mfumo wenyewe au vifaa. Kompyuta inayozima ghafla bila ujumbe wowote inaelekeza kwenye umeme au joto. Joto, kwa kweli, husingiziwa sana. Prosesa ya kisasa ikipata moto hujipunguzia kasi kwanza, na hali ikizidi hujizima pamoja na kompyuta nzima. Ni nadra ichague kuifunga Excel peke yake na kuziacha nyingine.

Sasa rekodi. Tangu Windows Vista, kila kompyuta yenye Windows imekuwa na chombo kiitwacho Reliability Monitor, na ni jambo la kusikitisha kwamba watu wengi wametumia kompyuta miaka kumi bila kukifungua hata mara moja. Mtumiaji anabonyeza kitufe cha Windows, anaandika neno reliability, kisha anachagua View reliability history. Inatokea chati iliyogawanywa kwa siku, yenye mstari unaopanda na kushuka kati ya 1 na 10. Siku ambayo programu ilianguka ina duara jekundu lenye alama ya X. Chini yake, katika safu nyingine, kuna alama za bluu zinazoonyesha kilichosakinishwa au kusasishwa siku hiyo.

Thamani ya chati hiyo iko katika kuziona safu hizo mbili pamoja. Familia inaweza kuapa kwamba haikugusa kitu, na kwa kumbukumbu yao wanasema kweli. Lakini chati inaonyesha kwamba Jumanne draiva ya printa ilisasishwa yenyewe, na duara jekundu la kwanza likaonekana Jumatano. Huo bado si ushahidi kamili, ila ni mahali pa kuanzia palipo bora kuliko kubahatisha.

Ukibofya duara, kisha maelezo ya kiufundi, utakuta mistari michache ambayo kwa mtazamo wa kwanza haipendezi. Mitatu kati yake inatosha. Wa kwanza unataja programu iliyoanguka. Wa pili unataja moduli, yaani faili iliyokuwa ikifanya kazi wakati wa kuanguka. Wa tatu ni msimbo wa kosa, unaoanza kwa c0000 au 0xc0000. Habari hizohizo zinapatikana kwenye Event Viewer, chombo kingine cha Windows, upande wa Application, katika tukio namba 1000.

Mstari wa moduli ndio wenye utajiri. Word ikianguka na moduli iliyotajwa ikawa ni faili ya kiongezo cha kutengeneza PDF, mshukiwa amepatikana na anaweza kuzimwa ndani ya dakika moja. Lakini mara nyingi jina linaloandikwa ni ntdll.dll, na hapo watu huhitimisha kwamba Windows yenyewe imeoza. Hitimisho hilo kwa kawaida si sahihi. Ntdll.dll ni maktaba ambayo karibu kila programu hupitia inapoomba na kurudisha kumbukumbu. Kiongezo kibovu kinaweza kuandika juu ya eneo lisilo lake, programu ikaendelea kana kwamba hakuna lililotokea, na dakika kadhaa baadaye ntdll.dll ikaenda kulitumia eneo lile na kukuta limevurugwa. Msimbo 0xc0000374 unasema jambo hilo waziwazi: kumbukumbu ya programu imeharibiwa. Aliyegundua uharibifu ndiye anayeandikwa kwenye rekodi, na aliyeufanya ameshaondoka.

Misimbo yenyewe ni mingi, ila michache inajirudia nyumbani. 0xc0000005 ndiyo ile hali ya kugusa anwani isiyoruhusiwa. Inaweza kutokana na kosa la watengenezaji, kiongezo kibovu, programu ya kuzuia virusi inayojichomeka ndani ya nyingine, au RAM mbovu. Kwa hiyo peke yake haimtaji mkosaji, na tovuti zinazodai kuiponya kwa programu ya kununua zinapaswa kukimbiwa. 0xc0000135 inamaanisha faili inayohitajika haikupatikana. 0xc000007b mara nyingi ni mchanganyiko wa faili za biti 32 na za biti 64.

Hii ya mwisho inastahili kukaliwa kidogo, kwa sababu watu wengi hujitengenezea wenyewe. Programu inafunguliwa, inalalamika kwamba VCRUNTIME140.dll au MSVCP140.dll haipo. Mtumiaji anatafuta jina hilo kwenye intaneti, anapata tovuti inayogawa faili mojamoja, anaipakua na kuitupa ndani ya folda ya System32. Hapo kuna hatari mbili. Hakuna ajuaye faili hiyo imebeba nini zaidi. Pia, kwenye Windows ya biti 64, faili za biti 64 hukaa ndani ya System32, na zile za biti 32 hukaa ndani ya folda iitwayo SysWOW64, kinyume na majina yanavyoashiria. Faili ya biti 32 ikiwekwa System32, kosa la faili kukosekana linageuka kuwa 0xc000007b. Dawa halali ni bure na inatoka Microsoft: kifurushi cha Visual C++ Redistributable. Visakinishwe vyote viwili, cha x86 (biti 32) na cha x64 (biti 64), hata kama kompyuta ni ya biti 64, kwa sababu programu nyingi za zamani bado ni za biti 32.

Hapa ndipo mazungumzo ya dukani kwa fundi yanapohitaji kubadilika. Mteja anafika na laptopu, anasema, "Fundi, Excel inajifunga kila nikifungua hesabu za duka." Fundi hajaifungua rekodi, anajibu, "Mama, hii ni ya kupiga Windows tu, uje kesho." Kesho laptopu inarudi ikiwa safi na nyepesi, na kwa wiki mbili mambo ni mazuri. Kisha faili ileile ya hesabu inafunguliwa, pamoja na kiongezo kilekile, na Excel inajifunga. Mteja amelipa, amepoteza picha alizosahau kuzihamisha, na chanzo hakijaguswa. Mafundi wengi ni hodari na wana wateja wanaotaka kazi iishe leo, hivyo lawama si yao peke yao. Hata hivyo, kupiga Windows upya kabla ya kusoma rekodi ni kufuta ushahidi, na fundi anayejali kazi yake hapaswi kuanza hapo.

Zaidi ya hayo, Windows mpya haiponyi chuma kibovu. Mwaka 2011 watafiti watatu wa Microsoft, Edmund Nightingale, John Douceur na Vince Orgovan, walichapisha uchunguzi wa kompyuta za kawaida zipatazo milioni moja. Walikuta kwamba kompyuta iliyoanguka mara moja kwa hitilafu ya vifaa ina uwezekano mkubwa zaidi wa kuanguka tena, mpaka kufikia mara mia moja katika baadhi ya hali. Kuanguka kwa mara ya pili, basi, si bahati mbaya ya kuvumilia. Ni ishara ya kupima RAM na diski.

Mhandisi Raymond Chen, pia wa Microsoft, alisimulia mwaka 2005 jinsi wenzake walivyochambua ripoti zilizotumwa na watumiaji na kukuta programu imeanguka kwenye amri ambayo haiwezi kushindwa: amri ya kuweka sifuri ndani ya prosesa, isiyogusa kumbukumbu kabisa. Ikabainika kwamba prosesa nyingi za namna hiyo zilikuwa zimeongezwa kasi kupita kipimo cha kiwanda. Wapo wenye kompyuta ambao hawakujua. Duka liliwauzia zikiwa tayari zimechezewa. Mnunuzi wa kompyuta iliyotumika, hasa ya mezani, ana sababu nzuri ya kuingia BIOS na kurudisha mipangilio ya kiwanda kabla ya kuhangaika na programu.

Ripoti hizo zinazotumwa, ambazo watu wengi huzikataa wakihofia bando, zina faida inayomrudia mtumaji. Oktoba 2002 Steve Ballmer, aliyekuwa mkuu wa Microsoft, aliwaandikia wateja kwamba asilimia 1 tu ya makosa ya programu ndiyo iliyosababisha nusu ya matatizo yote yaliyoripotiwa. Maana yake kwa mtu wa nyumbani ni kwamba kosa analolipata leo huenda limewapata maelfu ya wengine na limekwisha kurekebishwa katika toleo jipya. Ripoti ya awali ni ndogo. Inabeba hasa majina ya programu na moduli, matoleo yake na msimbo.

Baada ya kusoma, kujaribu. Swali la kwanza ni kama inaanguka programu moja au nyingi. Ikiwa ni moja, ifunguliwe bila viongezo. Kwa Word, shikilia kitufe cha Ctrl wakati wa kuifungua, au bonyeza Windows na R, andika winword /safe; Excel ni excel /safe. Firefox hufunguliwa hivyo kwa kushikilia Shift, na ukurasa wa about:crashes ndani yake huorodhesha kila ilipoanguka. Programu ikitulia bila viongezo, virudishwe kimojakimoja. Ikianguka kwa hati moja tu, tatizo ni hati. Inakiliwe, ifunguliwe kwa LibreOffice na kuhifadhiwa upya. Kama bado, fungua akaunti mpya ya mtumiaji kwenye kompyuta hiyohiyo. Programu ikifanya kazi vizuri humo, basi kilichoharibika ni mipangilio ya akaunti ya zamani, na hapo hakuna haja kabisa ya kupiga Windows.

Zikianguka nyingi bila mpangilio, angalia nafasi kwenye diski C kabla ya lolote. RAM isipotosha, Windows huandika sehemu ya kumbukumbu kwenye diski, na diski iliyojaa pomoni huifanya programu ikose nafasi hata kama RAM inaonekana ya kutosha. Programu ya biti 32 ina ukomo wake pia: kwa kawaida huishia GB 2, hata ndani ya kompyuta yenye RAM ya GB 16. Kisha ije RAM yenyewe. Bonyeza Windows na R, andika mdsched, kompyuta iwashwe upya na kujipima. Kipimo cha kina zaidi ni MemTest86, kinachowashwa kutoka kwenye flashi na kuachwa usiku kucha. Kosa moja tu likionekana, RAM hiyo haifai. Laptopu iliyotumika huenda imeongezewa RAM njiani, vipande viwili vya aina tofauti, kwa hiyo kila kimoja kipimwe peke yake.

Faili za Windows zenyewe hukaguliwa kwa amri ya sfc /scannow, iliyoandikwa kwenye dirisha la amri lililofunguliwa kama msimamizi. Ikishindwa kuzirekebisha, amri ya DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth huleta faili safi kupitia intaneti, kisha sfc irudiwe. Diski ikaguliwe kwa chkdsk. Kwa wanaoishi mahali ambapo umeme unakatika na kuyumba, ukaguzi huu si wa anasa: kompyuta ya mezani iliyozimika katikati ya kuandika faili inaweza kuacha faili nusu, na programu inayoitegemea itaanguka kila siku mpaka faili hiyo ibadilishwe. UPS ndogo ingezuia jambo hilo.

Programu zilizovunjwa ufunguo zinahitaji kutajwa bila kuzungukwa. Faili iliyochezewa ili isidai leseni si ile iliyopimwa na watengenezaji, programu ya kuzuia virusi inaweza kuinyofoa wakati wowote, na anayeitumia kwa kawaida amezima masasisho yaleyale ambayo yangeondoa kosa lake. LibreOffice ni bure kihalali, na inatosha kwa barua, hesabu za duka na kazi nyingi za shule.

Katika yote hayo, jambo moja libadilishwe kwa wakati mmoja. Anayesasisha draiva, kuondoa kiongezo na kuongeza RAM mchana mmoja, kisha kompyuta ikatulia, hajui ni kipi kilichomsaidia, na kosa likirudi ataanza upya. Kwenye daftari inatosha kuandika tarehe, programu, moduli, msimbo na kilichobadilishwa.

Ombi kwa kila msikilizaji ni hili. Usisubiri kompyuta iharibike. Ifungue Reliability Monitor leo, ikiwa bado nzima, uone chati yake ya kawaida inavyokaa. Siku programu itakapojifunga, piga picha ya mistari ile mitatu kwa simu kabla ya kwenda kwa fundi. Akisema ni ya kupiga Windows, mwonyeshe picha hiyo, mwulize moduli iliyotajwa ni ya nani, na usimruhusu aanze mpaka hati na picha zako zote ziwe zimekwisha kunakiliwa kwenye diski ya nje.